Kamba ya Thad Yoakum

Septemba 9, 1926

Nimefika. Kambi ya picha ya sinema iko chini ya milima, mwendo wa saa moja kwa lori kutoka stesheni, katikati ya mawe ya rangi ya mkate uliokaa sana jikoni. Nimepewa kibanda cha mbao cha peke yangu: jiko la chuma, kitanda, meza, dirisha linalotazama magharibi. Nilipomuuliza karani nitakaa na nani, akacheka. "Wewe ni mkubwa hapa, Bwana Loftus. Mkubwa hachanganywi na watu."

Alidhani ananipa heshima. Nina miaka sabini na mmoja, na tangu mke wangu Cora afariki huu ni mwaka wa nne naishi kama mkubwa.

Septemba 12

Leo nimekutana na mwongozaji wa picha, Bwana Strickler. Ni mtu wa miaka kama thelathini na mitano, buti zake zinang'aa, na sauti yake imezoea kutiiwa. Nje ya hema lake amepigilia ubaoni nakala ya mchoro wangu, ile iliyochapishwa kwenye kalenda, na kila apitaye anauona: Thad Yoakum, mchunga ng'ombe, juu ya farasi wa kijivu, farasi kakalia miguu ya nyuma kwenye ukingo wa korongo, kamba imenyooka kama waya, na chini ya ukingo fahali ananing'inia kwa pembe. Nyuma yao mawingu meusi na theluji ya kwanza.

"Picha nzima inaelekea hapa," Strickler aliniambia, akigonga ubao kwa kidole. "Nataka mawingu haya haya, ukingo huu huu, kamba hii hii. Tutaisubiri theluji hata ikija Novemba. Hivi ndivyo ilivyokuwa, sivyo?"

"Ndivyo," nikasema.

Ni neno dogo. Nimelisema kwa miaka ishirini na miwili, na leo ndiyo mara ya kwanza nimelisikia.

Septemba 13

Nieleze, maana nisipoeleza hapa sina pengine pa kueleza.

Ziko namna mbili za kumshika ng'ombe kwa kamba ukiwa juu ya farasi. Watu wa Texas hufunga mwisho wa kamba kwenye pembe ya tandiko, ile nundu iliyo mbele ya mpandaji, kabla hata ya kurusha kitanzi. Ng'ombe akinaswa, basi yeye, farasi na mtu wamekuwa kitu kimoja. Watu wa California na Nevada hawafungi. Wakishanasa, huizungusha kamba kwenye ile pembe mara mbili au tatu, wakaishikilia kwa mkono. Mambo yakiharibika, mkono unafunguka na kamba inakwenda zake. Kila upande huucheka mwenzake. Wa Texas hutuita waoga; sisi huwauliza mwaka huu wamezika wangapi. Ila kuzungusha nako kuna hatari yake. Kidole gumba kikiingia kati ya kamba na pembe, kinabaki pale pale.

Thad alikuwa mtu wa Nevada. Alizungusha. Siku ile ya mwaka 1889 fahali alipoteleza ukingoni, Thad alimshikilia kwa pumzi tatu hivi, akaona farasi wake anaburutwa, akafungua mkono. Fahali akaenda. Mimi nilikuwa hatua thelathini kutoka pale. Thad alishuka, akamkagua miguu Smoke, farasi wake, akasema, "Bosi ana mafahali wengine. Mimi nina Smoke mmoja tu."

Katika mchoro wangu kamba imefungwa. Fundo linaonekana wazi. Nililichora kwa uangalifu mkubwa.

Septemba 14

Upepo. Vumbi ndani ya kahawa. Hakuna kazi.

Septemba 20

Wameniajiri niwe mshauri wao. Mshauri hufanya nini? Huketi kwenye kiti cha turubai na kusema "hapana". Leo nimesema hapana kwa kofia nyeupe kama shuka, kwa bastola mbili kiunoni mwa mpishi, na kwa kijito ambacho ng'ombe mia mbili walitakiwa wakivuke bila kuinamisha vichwa kunywa.

Nyota wetu, Bwana Devereaux, ndiye anayemwigiza Thad. Ni mtu mpole aliyezaliwa Chicago. Asubuhi alipanda farasi kwa upande wa kulia, ambao farasi hawakuuzoea, na farasi akazunguka naye mara tatu.

"Kosa langu ni nini?" aliniuliza kutoka huko juu.

Kabla sijajibu, sauti ikatoka uzioni. "Hujakosea, bwana. Endelea. Mara ya nne atakufikisha Chicago."

Huyo aliyesema ni Refugio Ybarra, kutoka upande wa Santa Ynez, California. Babu yake na baba yake wote walichunga ng'ombe wa watu kwa farasi. Yeye atavaa nguo za Devereaux na kufanya kila jambo linaloweza kuvunja mfupa. Ukingoni, siku ya theluji, atakayekuwa juu ya farasi ni yeye.

Septemba 28

Mezani mimi hukaa mwisho kabisa. Nikiketi, watu huacha mizaha yao na kuniambia wanavyoipenda ile kalenda. Nikiinuka, nasikia vicheko vinarudi. Leo nimebeba maharagwe yangu nikala kibandani, nikiangalia milima ikibadilika rangi. Cora angesema nimenuna. Nilimjibu kwa sauti kwamba sijanuna, kisha nikakumbuka.

Oktoba 3

Refugio amekuja na tandiko begani, akajifanya anatafuta kivuli.

"Mzee, nikuulize kitu cha kazi?"

"Uliza."

"Yule jamaa wa kwenye kalenda ni mtu wa Nevada, sivyo? Tandiko la Nevada, kofia ya Nevada, mpaka hatamu. Sasa mbona kafunga kamba kama mtu wa Texas?"

Miaka ishirini na miwili! Magazeti yameandika, maprofesa wameandika, gavana amenishika mkono mbele ya mchoro ule, na hakuna hata mmoja aliyeuliza. Wanaojua kazi huniheshimu mno hata wasiniulize. Wasioijua hawaoni fundo.

"Siku ile alifunga," nikasema.

Akanitazama kidogo. "Alikuwa amelewa?"

"Hapana."

"Haya." Akapandisha tandiko begani. "Wewe ulikuwepo, mimi sikuwepo. Ukisema alifunga, nami nafunga. Baba angenichapa kwa mkono wake wa vidole vinne, lakini nafunga."

Oktoba 4

Nimechora farasi. Mbaya.

Oktoba 11

Mazoezi, kwenye uwanja tambarare. Fahali mdogo, kamba imefungwa. Kamba ilipokaza, yule farasi wa Refugio, jike la kijivu aitwaye Paloma, alipiga magoti kwenye changarawe, na Refugio akaruka juu ya shingo yake kama gunia. Aliinuka anacheka. Paloma alikuwa anachuruzika damu magotini.

"Imeshika!" Strickler alipiga kelele. "Mmeona? Imeshika!"

"Imeshika, bwana," akasema Refugio, akijipangusa suruali. "Hata mimi imenishika. Hapa, kwenye makalio."

Watu wakacheka sana. Nilimwendea Strickler pembeni. Nikamwambia atafute fahali mwepesi zaidi, mteremko usiwe mkali, mchanga umwagwe ukingoni. Nilieleza uzito, pembe ya mwinamo, namna farasi anavyoketi. Nilieleza vizuri sana. Akakubali mchanga.

Niliyaeleza yote isipokuwa lile moja.

Oktoba 13

Jua.

Oktoba 14

Jua.

Oktoba 16

Jua. Strickler anaitukana mbingu kwa lile bomba lake la kupazia sauti.

Oktoba 19

Jua. Namshukuru Mungu kwa jua, nami ndiye mtu pekee kambini anayelishukuru.

Oktoba 22

Nimeamka nikimfikiria Thad, na nitaandika mpaka nimalize, maana jambo hili nimekuwa nikilianza na kuliacha kwa miaka mingi.

Mwaka 1904 nilikuwa na chumba cha kuchorea mjini, na mteja aliyetaka "kitu kikubwa". Nilimchora Thad kama nilivyomwona: kamba inaruka hewani, mkono wake uko wazi. Nilifanya kazi wiki tano. Kila niliporudi nyuma kutazama, niliona mtu aliyeshindwa. Jicho linaifuata kamba kutoka kwa fahali, linapanda, linapanda, halafu linafika kwenye vidole vitupu. Haikuwa na mwisho. Basi nikapaka rangi juu ya ule mkono, nikaifunga kamba kwenye pembe, na pale pale mchoro ukasimama. Ilinichukua asubuhi moja. Nilijua ninachokifanya. Nilijiambia kwamba ni sanaa.

Thad aliuona miaka miwili baadaye, kwa kinyozi mjini Winnemucca, uso wake umejaa sabuni. Akapanda treni siku mbili kuja kwangu. Cora alimpikia. Alikula vizuri, akasifu mkate, kisha akasema, "Emmett, sasa watu wananinunulia vinywaji."

"Vizuri," nikasema.

"Wananinunulia kwa sababu ya jambo ambalo mtu mwenye akili zake hawezi kulifanya. Vijana wa shambani wananiuliza nilifungaje. Nikiwaambia sikufunga, wanadhani nimezeeka nimesahau. Umenichukulia siku nzuri kuliko zote nilizowahi kufanya kazi, Emmett. Siku ile nilitumia akili. Ukaweka fundo."

Nilimweleza habari za mistari na mwelekeo wa jicho. Nilieleza kwa muda mrefu. Alisikiliza, kofia magotini, kama mtu anayesikiliza mahubiri ya dhehebu lisilo lake.

"Unaweza kuufuta?"

"Umeshauzwa."

"Unaweza kusema, basi. Kwenye magazeti huko."

Nilisema nitasema. Alifariki mwaka 1915 na nilikuwa sijasema. Gazeti liliandika kuhusu yeye mistari minne: mtu wa mchoro maarufu, ambaye hakuiachia kamba. Maziko sikwenda. Nilimwambia Cora kifua kinanibana.

Oktoba 27

Sikumjua Strickler. Leo alasiri alipiga hodi, akaketi kitandani pangu bila kualikwa, buti zina vumbi kwa mara ya kwanza.

"Kampuni inataka tufunge kambi," akasema. "Wiki moja zaidi, basi. Naona nikuambie kitu. Nilipokuwa na miaka kumi na mitatu nililala kitandani miezi minane, mguu huu. Daktari alitaka kuukata. Ukutani kwetu, Dayton, kulikuwa na kalenda ya duka la vyakula. Mwaka ulipokwisha mama hakuitoa. Nilikuwa naiangalia ile kamba kila siku. Nilijiambia, kama yule bwana hakuachia, nami siachii."

"Mguu ukapona."

"Nautembelea, si unaona?" Akacheka, akaona haya. "Basi. Nilitaka ujue kwa nini nawachosha watu hivi."

Alipoondoka nilibaki nimeshika kikombe kisicho na kitu. Mpaka jana nilikuwa namdharau, na dharau yangu ilinifaa: si rahisi kuona aibu ya kumdanganya mtu unayemdharau. Sasa wako wawili ninaowadanganya. Mmoja ataumia moyo nikisema. Mwingine atavunjika shingo nisiposema.

Ukiandika hivi, kwa kalamu, hakuna cha kufikiria. Mbona basi sikutoka nje kumfuata?

Oktoba 30

Mawingu kaskazini.

Novemba 1

Theluji imeanguka kileleni. Watu wanakimbia huku na huku. Ni kesho.

Novemba 2

Saa tatu asubuhi tulikuwa juu ya ukingo. Anga lilikuwa lile la mchoro wangu hasa, jeusi upande mmoja na jeupe upande wa pili, na watu walikuwa wananipongeza kana kwamba nimelileta mimi. Kamera tatu. Chini ya ukingo kuna mteremko wa changarawe, mrefu, unaoishia kwenye mawe. Walileta fahali. Hakuwa yule mdogo. Yule alikuwa anachechemea, wakaleta mwingine, mwekundu, mkubwa karibu mara mbili yake.

"Huyu ni mzito mno," nikasema.

"Ataonekana vizuri," akasema Strickler. Macho yake yalikuwa kwenye mawingu.

Refugio alikuwa juu ya Paloma, katika shati la Devereaux, anafunga. Alifunga polepole, akavuta fundo, akalitazama, akamtazama fahali, kisha akanitazama mimi. Alinipungia kofia, akafanya ishara ya msalaba.

Najua magoti yangu ni mabaya. Sijui nilifikaje pale mbele. Nilisikia watu wanapiga kelele: "Mzee, toka! Uko ndani ya picha!" Nilishika hatamu za Paloma.

"Fungua," nikamwambia Refugio.

"Nini?"

"Fungua kamba. Zungusha kama baba yako alivyokufundisha. Hakufunga. Thad hakufunga."

Strickler alikuwa ameshafika, anahema. "Bwana Loftus, mawingu yanakwenda!"

"Alizungusha," nikasema, na nikasikia sauti yangu imekuwa kubwa, watu sitini wamegeuka. "Alimshikilia kwa pumzi tatu, akaona farasi anakufa, akafungua mkono. Fahali alianguka. Niliona kwa macho yangu. Fundo nililiweka mimi baadaye, chumbani, kwa sababu lilipendeza."

Upepo ulikuwa unapiga turubai za kamera.

"Aliachia," Strickler akasema taratibu.

"Aliachia."

"Na mwezi wa tisa nilikuuliza."

"Uliniuliza. Nikakudanganya. Nimewadanganya wote. Huyu alinijia akaniuliza uso kwa uso, naye nikamdanganya."

Uso wa Strickler sitaueleza. Nimechora nyuso maisha yangu yote na huo sitauchora. Akageuka kwa Refugio. "Ulikubali kufunga. Umelipwa kufunga."

Refugio alikuwa ameshalifungua fundo. "Nililipwa kufanya alichofanya yule jamaa, bwana. Sasa ndiyo nimejua alifanya nini."

Wakapiga picha, kwa kuwa mawingu hayangoji. Kitanzi kilikwenda vizuri mno. Fahali alifika ukingoni, changarawe ikamkimbia miguuni, akazama. Refugio akazungusha, moja, mbili, tatu. Paloma akaketi. Moshi ulianza kutoka kwenye pembe ya tandiko, kamba inavyosugua mbao na ngozi, na nikahesabu: pumzi moja. Mbili. Paloma alikuwa anaburutwa, kwato zake zinachimba mifereji miwili, ile miguu ya mbele imeshafika kwenye ukingo. Tatu.

Mkono ukafunguka.

Kamba ikaruka. Fahali akaenda na changarawe, anageuka, anageuka, mpaka chini kabisa. Kisha akasimama, akajitikisa, akatukojolea mawe yetu. Nadhani Devereaux ndiye aliyeanza kupiga makofi.

Strickler hakupiga. "Tunarudia," akasema. "Kwa kufunga."

Refugio alikuwa chini, anapapasa miguu ya Paloma. "Tafuta mtu mwingine, bwana. Na farasi mwingine. Na mama wa kumlilia."

Hakutokea mtu.

Novemba 3

Wametafuta njia. Wamechimbia nguzo ya chuma nyuma ya kamera, wakamfunga farasi mwingine kwa waya unaopita chini ya tumbo, na upande wa chini wakaning'iniza ngozi ya fahali iliyojazwa majani makavu. Devereaux mwenyewe alikaa juu. Hakuna aliyeumia. Nilitazama kwa mbali. Kwa kweli imefanana na mchoro wangu kuliko siku yenyewe ilivyofanana.

Jioni karani aliniletea barua fupi: kazi yangu imekwisha, tikiti iko stesheni. Chini Strickler alikuwa ameandika kwa mkono wake kwamba jina langu litabaki mwanzoni mwa picha, kama tulivyokubaliana. Nilimjibu nyuma ya karatasi ile ile aliondoe, na kwamba nimeyaandikia magazeti mawili habari za lile fundo. Nimeandika kweli. Nilimaliza kabla ya chakula cha mchana. Haikuwa barua ndefu.

Kalenda imetolewa kwenye ubao. Sikuuliza nani kaitoa.

Novemba 4

Refugio ameondoka na lori la asubuhi, Paloma akiwa nyuma amefunikwa blanketi. Nilikwenda kumuaga. Nilikuwa nimeandaa maneno.

"Ungeniambia siku ile nilipokuuliza, mzee," akasema kabla sijaanza.

"Ni kweli."

"Uwanjani nilifunga kwa neno lako. Magoti yake hayatapona vizuri. Mwaka huu hafanyi kazi tena."

"Najua."

"Haya." Alikuwa anakaza kamba za mizigo na hakunitazama. "Mimi si mtu wa kinyongo, lakini leo bado ninacho. Unielewe."

"Nakuelewa."

Dereva alipowasha injini, Refugio alitoa kichwa nje. "Alikuwa mtu wa namna gani, huyo Thad?"

Ningeweza kueleza mpaka jua lizame. "Alikuwa na akili," nikasema.

Akatikisa kichwa kukubali, na lori likaenda.

Novemba 5

Treni ni kesho. Kambi inabomolewa; sasa naweza kukaa katikati ya meza ya kulia nikitaka, haina mtu.

Tangu asubuhi nimekaa dirishani na karatasi na kalamu ya mkaa. Ninataka kumchora Thad tena, na nimegundua kwamba siwezi, kwa sababu sijui mkono huwaje unapofunguka. Mikono iliyofumba nimechora maelfu: hatamu, bunduki, vikombe, karata. Huo mmoja wa wazi niliouchora niliupaka rangi kabla haujakauka.

Hakuna wa kumwomba anishikie mkono hewani. Nimeukunja mkono wangu wa kushoto kuzunguka mpini wa jiko, nikaukaza mpaka vidole vikauma, nikauachia, nikachora nilichokiona. Wa kwanza unaonekana unaomba. Wa pili unaaga. Wa tatu umekufa. Nimekunja tena, nimeachia tena. Katika wa saba, kidole gumba kimekaa mbali na vingine, kimeinuka juu, kimetoka kwenye njia ya kamba. Ni kidole cha mtu anayejua anachofanya.

Vidole vilivyobaki bado si sahihi. Umebaki mwanga wa muda wa saa moja hivi. Nakunja tena.